Aliyewaita Bata

Cần Thơ, 8 Machi 2015

Kwako unayejiita Vịt Chót,

Li-li-lit, huuu, li-lit.

Nimeanza na mlio huo kwa sababu kama wewe ndiye ninayedhani, hutahitaji kusoma zaidi. Ni mwito wa bata. Miaka kumi sijausikia kwa masikio, na hakuna asubuhi niliyoamka bila kuukuta umeamka kabla yangu. Hukaa kwenye bomba la maji, kwenye feni, kwenye ndala za mtu anayepita koridoni. Lakini sikuwahi kuuona umeandikwa. Jana nimeuona.

Lài, mwenzangu wa chumbani, alikuwa na mafua, akataka tuangalie kitu cha kijinga. Tukapata kwenye mtandao ile filamu yako, ya Kimarekani, ya miaka ya tisini, ya wanyama wanaoongea. Daktari wa mifugo amefiwa na mke, ana watoto wawili, bata bukini mwenye kisirani, na mbuzi aliyemeza ufunguo wa gari siku ya harusi. Midomo ya wanyama inakwenda upande wake na maneno upande wake. Maandishi ya chini, kwa lugha yetu, ni yako; anwani yako ya barua pepe nimeikuta kwenye ukurasa wa filamu.

Lài alicheka mpaka akakohoa. "Khê, we Khê, huyu bata bukini ni mama yangu mtupu!"

Mimi sikucheka. Bata bukini alikuwa ametoka kumwambia mwanawe: "Umerudi na matope mpaka kwenye nyusi, ulikuwa unalima kwa kichwa?" Hayo ni maneno ya mama yangu, neno kwa neno, na sijayasikia kwa mtu mwingine.

Kisha ikaja ile dhoruba. Watoto wamepotea, mama yao anapanda juu ya gari na kuita. Sauti yenyewe ni kelele tu za bata bukini. Watafsiri wengine huacha kioo kitupu pale. Wewe uliandika: *Li-li-lit, huuu, li-lit.*

Huenda wewe ni mtu wa mjini na hujui uliandika nini. Sisi tulikuwa wachungaji wa bata, wale wanaohama na kundi kutoka shamba hadi shamba baada ya mavuno ya mpunga. Kila mchungaji ana mwito wake. Makundi mawili yakichanganyikana, wenyewe husimama pande mbili na kuita, na bata hugawanyika kama nywele kwa kitana. Mwito wa mtu mwingine huuchukui, kama usivyovaa kofia yake. Wetu aliutunga babu. Waliokuwa wakiujua ni babu, baba, kaka yangu Thuần na mimi. Babu na baba wameshakufa.

Na jina lako. Vịt Chót, Bata wa Mwisho. Tulikuwa na mmoja aliyeitwa hivyo, jike mwenye mguu mbovu. Jioni tulihesabu kundi lote, halafu tukamsubiri yeye ndipo tufunge uzio.

Januari 2005 ilipokuja homa ya ndege, walikuja watu waliovaa plastiki nyeupe, na magunia ya chokaa. Tulikuwa na bata elfu moja mia moja na arobaini, wote wazima. Lilichimbwa shimo. Bata waliitwa, wakaja. Baada ya sikukuu ya mwaka mpya wa kalenda ya mwezi Thuần alifunga begi, akasema anakwenda Sài Gòn kutafuta kazi. Alikuwa na miaka kumi na tisa, mimi kumi na moja. Alipiga simu mara moja tu, mwaka uliofuata, kwenye duka la kahawa la jirani. Mama alikimbia peku akakuta imekatika. Basi.

Mama bado anampangia bakuli kila mlo. Sasa Baba Mdogo Tư, mdogo wake marehemu baba, anasema miaka kumi imetosha. Unajua desturi: mtu asipojulikana alikufa lini, siku aliyotoka nyumbani ndiyo huwa siku yake ya kufa. Itaangukia Jumatatu, tarehe kumi na sita. Picha imeshakuzwa. Iko chini ya kitanda, imefungwa kwenye gazeti. Siku hiyo itawekwa kwenye madhabahu, pembeni ya baba, na kuanzia hapo mama atamfukizia ubani badala ya kumpakulia wali.

Kama uko hai, andika neno moja kabla ya Jumatatu hiyo. Kama wewe si yeye, niambie mwito wetu umeuokota wapi.

Huỳnh Tố Khê


Sài Gòn, 13 Machi 2015

Út,

Ni mimi.

Waambie wasiiweke picha. Mwambie Baba Mdogo asubiri, yeye tangu zamani ana haraka na kila kitu isipokuwa kulipa kahawa.

Siwezi kuja sasa. Usiniulize sababu. Nina kazi, nina mahali pa kulala, nakula. Mama bado anakanda mguu wake wa kushoto kwa mafuta ya mkaratusi? Mwambie asikae sana majini.

Umekuwa msomi. Nilijua. Ulikuwa unasoma hata maandishi ya kwenye mifuko ya chakula cha bata.

Kaka Thuần


Rạch Sậy, 17 Machi 2015

Kaka,

Mjini hakuna anayeniita Út. Kule mimi si kitindamimba wa mtu. Nilisoma neno lile moja nikashuka ngazi na simu mkononi bila kujua naelekea wapi, Lài ananikimbilia na viatu vyangu.

Nimekuja nyumbani. Sherehe haikufanyika. Baba Mdogo alikuwa ameshaalika meza tatu za wageni, kwa hiyo wageni walikuja wakala bila kujua wanakula kwa sababu gani.

"Kompyuta imesema yuko hai?" aliniuliza mbele ya watu. "Basi hiyo kompyuta imwambie amtumie mama yake hata kilo ya sukari."

"Tư, kula," mama akasema.

"Nakula, shemeji. Nauliza tu. Kwenye simu ya mwanangu mdogo mbuzi naye anaongea, tumwamini?"

"Mbuzi akikwambia unyamaze utanyamaza?"

Meza nzima ikacheka, na Baba Mdogo akacheka pia, maana unamjua, hawezi kununa huku anatafuna. Lakini nilimtazama mama. Aliitoa ile picha chini ya kitanda, akaifuta kwa mkono wa nguo yake, akaifunga tena kwenye gazeti lile lile. Halafu akaliosha bakuli lako lililokuwa safi. Kitu kimoja tu ameniuliza tangu nifike: "Ana sauti gani siku hizi?"

Barua haina sauti. Mpigie, kaka. Hata ukikohoa tu atatosheka.

Asubuhi hii nimekwenda mpaka pale palipochimbwa shimo. Hakuna aliyewahi kupanda kitu. Nyasi zake ni za kijani kuliko zote za ukingo wa mfereji, na ng'ombe wa jirani hali pale, sijui kwa nini. Nilisimama upande wa upepo. Nikausikia mwito, kwa sauti ile ile nyembamba, na wakaja wote kichwani mwangu kwa mstari.

Kaka, nitauliza mara moja na sitarudia. Uliondoka kwa sababu ya aliyewaita? Niandikie siku ile unavyoikumbuka. Yote. Usinionee huruma.

Út


Sài Gòn, 20 Machi 2015

Út,

Kwa nini unataka kurudi pale? Lakini umeomba.

Bata walikuwa wametawanyika mferejini. Wale wa plastiki nyeupe waliwakimbiza kwa nyavu wakawa wanaanguka matopeni, na watoto wa ng'ambo wanawacheka. Mwishowe mkubwa wao akavua barakoa akamwambia baba: "Si mna mwito wenu? Waiteni, tumalize, nina vijiji viwili vingine." Baba akatazama chini. Yeye hakuweza.

Basi mimi nikasimama kwenye kingo za shimo nikawaita. Mara mbili tu. Wakatoka majini wakapanda ukingo kwa mstari, kama jioni yoyote, kama wanakwenda kulala. Vịt Chót akaja wa mwisho. Walikuwa wameshaanza kumwaga chokaa, na yeye bado anachechemea njiani, peke yake, anaharakisha asije akafungiwa nje.

Wewe hukuona. Mama alikuwa amekufungia ndani, amekuziba masikio.

Ndiyo, niliondoka kwa sababu ya aliyewaita, na aliyewaita ni mimi. Sikutaka kuishi mahali ambapo kila nikifungua mdomo wangenisikia. Sasa usiulize tena.

Kaka Thuần


Rạch Sậy, 21 Machi 2015

Kwako, sijui nikuite nani,

Wewe si kaka yangu.

Umeandika kila kitu sawasawa. Nyavu, barakoa, vijiji viwili vingine, hata jinsi alivyokuja yule wa mwisho. Mtu aliyekuwepo ndiye aliyekusimulia. Lakini kaka yangu asingeniandikia mimi kwamba yeye ndiye aliyewaita.

Niliwaita mimi.

Baba alimgeukia Thuần, na Thuần akafungua mdomo, ikatoka hewa. Alijaribu mara tatu. Yule mkubwa akatazama saa yake. Nilikuwa na miaka kumi na moja na siku zote waliniambia mwito wangu ni dhaifu, hautoshi kuvuka mfereji, na nikaona hapa ndipo nitakapowaonyesha. Hivyo tu. Sikuwaza zaidi ya hapo. Nikaweka mikono mdomoni nikaita, na walinisikia wote, hata waliokuwa ng'ambo. Kwa nukta moja nilifurahi. Hiyo ndiyo nukta ninayoishi nayo.

Thuần alinitazama. Siku arobaini na kitu baadaye aliondoka, na katika siku hizo hakuniangalia usoni tena. Miaka kumi nimejua kwa nini aliondoka, sikuhitaji kuambiwa. Nilikuuliza kwa sababu nilitaka kusikia ananiambia mwenyewe, na pengine, mwishoni, aandike kwamba yameisha.

Badala yake nimepata wewe.

Umemfanya mama yangu aoshe bakuli. Jana amemnunulia soksi. Nani wewe? Na yeye yuko wapi?

Khê


Sài Gòn, 29 Machi 2015

Khê,

Naitwa Ngọc Sương. Nina miaka thelathini na tatu. Sikustahili kukuita Út, ila kwa miaka minne na nusu nilisikia jina hilo kila siku, nikalizoea mdomoni.

Thuần amekufa. Ni tarehe tisa ya mwezi wa nane, kwa kalenda ya mwezi, mwaka 2010. Ilikuwa homa ya dengi, msimu wa mvua. Siku ya nne homa ilishuka akasema amepona, akaomba uji. Siku ya tano alianza kutoka damu. Niliyemfumba macho ni mimi.

Tulikutana kwenye duka la diski za filamu za wizi, ghorofani, lile la aina ambayo polisi wakipita tunazima taa. Mimi nilikuwa najua Kiingereza, yeye hakujua. Nilitafsiri, yeye alikaa na kompyuta, anabonyeza kitufe neno linapoanza, anabonyeza linapoisha, tak, tak, siku nzima. Halafu alisoma tafsiri zangu anacheka. "Sương, mbuzi gani anaongea kama barua ya serikali?" Akazibadilisha zote. Bata bukini akamfanya mama yenu. Mbuzi ni Baba Mdogo wenu, mtazame tena utaona.

Ile filamu tuliimaliza 2009. Pale penye dhoruba mimi niliacha patupu. Akaniambia, "Watoto wamepotea, mama yao anaita, na wewe unaacha kioo kitupu?" Akaandika mwenyewe. Nikamwambia, haya, isome nisikie inavyokwenda. Akasimama akaenda kuchemsha maji. Nilimwomba siku nyingine pia. Hakuwahi. Naujua mwito wenu kwa macho tu, Khê. Sijawahi kuusikia.

Aliniambia nyumbani kwao wamekufa wote. Kitambulisho alidai amekipoteza. Ndiyo sababu hamkupata habari, sikujua pa kuipeleka. Majivu yake yako kwenye pagoda moja hapa Thủ Đức, na kibao kina jina moja tu. Baada yake niliendelea kutafsiri na kutia saini Vịt Chót. Sikuwa namdanganya mtu. Ni kwamba nilikuwa nikimaliza filamu, jina linatokea mwishoni, na kwa sekunde nne anakuwa amefanya kazi leo. Mwaka huu nikaipandisha ile ya bata bukini mtandaoni. Sikugusa hata nukta.

Ikaja barua yako. Uliandika kuna picha chini ya kitanda na siku imeshapangwa. Niliketi siku tano. Nikajua kwamba nikikujibu kweli, nitakuwa nimemuua mimi, Jumatatu, mbele ya mama yake. Nikaandika "Ni mimi" kuona tu linavyokaa kwenye kioo. Nikalituma.

Kuhusu siku ile. Niliyokuandikia ni maneno yake. Alinisimulia mara nyingi, na kila mara alikuwa amesimama kwenye kingo na aliyeita alikuwa yeye. Wewe ulikuwa ndani, umezibwa masikio. Hakuna hata mara moja alipokuweka pale nje. Sikujua ni uongo mpaka barua yako. Sasa nakumbuka kwamba alipofika sehemu hiyo alikuwa anashika koo lake.

Sijui kama hakukuangalia usoni kwa sababu ya hasira. Mimi niliishi naye. Mtu yule alikuwa akiona aibu, haangalii usoni. Akiuziwa kuku kwa bei mbaya sokoni alikuwa hamwangalii muuzaji wiki nzima, kana kwamba kosa ni lake.

Nimebaki na jambo moja. Mama yako ana soksi alizonunua. Ukitaka, nitaendelea. Nitamwandikia mara moja kwa mwezi, najua anavyoongea, hatagundua. Sema tu. Na ukitaka ninyamaze, nitanyamaza, na mwito nitaufuta kwenye ile filamu.

Ngọc Sương


Rạch Sậy, 12 Aprili 2015

Wifi Sương,

Neno hilo la mwanzo si langu, ni la mama. Nilikuwa nimeandika "Dada." Akasema, "Aliyemfumba macho mwanangu utamwita dada wa barabarani?" Kwa hiyo pokea.

Nilikaa na barua yako wiki nzima kabla sijaweza kufanya lolote. Nakiri nilifikiria ulichonipa. Nilipiga hesabu ya miaka mama aliyobakiza, barua moja kila mwezi, nikaona inawezekana. Ningekuwa mimi ninayemsomea, maana mama alisoma madarasa mawili tu. Ningekuwa sauti yake. Hapo ndipo niliposhindwa. Nilishawahi kuita kwa sauti tamu na wakaja wote wakiniamini. Siwezi kumwita na mama.

Jumapili iliyopita, baada ya chakula cha mchana, nilimwekea ile filamu kwenye kompyuta yangu. Maandishi ya chini yanakimbia kuliko macho yake, basi nikayasoma kwa sauti, yote, wanaume kwa wanawake, kama yule bwana wa kanda za zamani aliyekuwa anawasomea watu wote kwa sauti moja. Mama alikuwa anamenya vitunguu saumu. Mbuzi alipomeza ufunguo akasema, "Huyo si Tư huyo?" Bata bukini aliposema matope mpaka kwenye nyusi, mikono yake ilisimama kidogo, ikaendelea.

Tukafika kwenye dhoruba. Bata bukini akapanda juu ya gari. Maandishi yakatokea, na mimi nikanyamaza.

"Mbona hamna maneno hapo?" akauliza.

"Yapo, mama."

"Basi soma."

Nilirudisha nyuma. Nikanyamaza tena. Mara ya tatu nikaweka mikono mdomoni, kwa sababu haiwezekani kuutoa bila mikono, nikaita.

Vitunguu vilianguka. Mama hakuviokota. Alitazama kioo, bata bukini anafungua mdomo na kufumba, kisha akanitazama mimi.

"Nani ameandika hivyo?"

"Kaka."

"Lini?"

"Zamani, mama. Miaka sita."

Sikuhitaji kusema zaidi, lakini nilisema. Nilimwambia dengi, na uji, na tarehe tisa ya mwezi wa nane. Aliuliza kama ulikuwa uji wa moto. Aliuliza aliyekuwa naye ni mtu wa namna gani, nikamwambia ni mtu mwenye uandishi mzuri na uongo mbaya. Akaitikia kwa kichwa kama anayesikia bei ya haki.

Nilipoanza nikaona nimalizie. Nikamwambia na la siku ile. Kwamba niliyewaita ni mimi. Sijui nilitegemea nini. Pengine nilidhani miaka yote hiyo alikuwa akiamini kama alivyosimulia Thuần: mtoto ndani, masikio yamezibwa.

"Najua," akasema. "Nilikuwa mlangoni. Unafikiri sijui sauti yako?" Akaanza kuokota vitunguu, kimoja kimoja. "Hatua kumi, Út. Nilikuwa mbali hatua kumi, nikakuacha uite. Nilitaka iishe." Akapuliza vumbi kwenye kitunguu. "Na kaka yako naye alifungua mdomo. Nilimwona. Sikumpelekea hata maji."

Tulimaliza filamu. Harusi ilifungwa, ufunguo ukatoka kwa njia unayoijua, na mama akacheka, Wifi, akacheka kweli, huku uso umelowa. Mwishoni likatokea jina. Akaniambia nisimamishe pale. Nikasimamisha. Tulikaa na jina lile mpaka betri ikaisha.

Sitaki uufute mwito. Na usiache kutia saini kwa jina lake. Ila kwenye ile filamu nimefanya jambo bila kukuomba: nimefungua faili, chini ya Vịt Chót nimeandika Ngọc Sương, nikaipandisha upya. Sekunde nne zinatosha watu wawili.

Baba Mdogo nimemwambia mwenyewe. Alitoka nje, akarudi na macho mekundu, akasema kaka amemchora vizuri kwa mbuzi yule. Siku ya kumkumbuka Thuần ni tarehe tisa ya mwezi wa nane, si ile ya kutoka nyumbani. Ile tumeifuta kwenye kalenda. Mama anakutegemea siku hiyo, uje naye kutoka pagoda. Soksi anasema utazivaa wewe, miguu ya watu wa mjini ina baridi.

Kuna sauti nimeiambatisha. Nimeirekodi leo mchana pale kwenye nyasi, nimeelekea mferejini. Ni mara mbili tu, maana kaka alivyosimulia aliita mara mbili. Utasikia imekatika katikati, hapo ni mimi, usidhani simu yako ni mbovu. Baada ya ule wa pili kuna ukimya mrefu. Niliuacha, nilikuwa nasubiri wa mwisho apite.

Mwishoni kabisa kuna mama, kwa mbali, ananiambia nije nile. Nilikuwa nimeshaandaa kabla sijatoka. Nilipanga mabakuli mawili. La kaka nimelipandisha kwenye madhabahu, mbele ya picha yake.

Wifi yako,
Út